UZI: H16.9 imemeza vidonda vyetu vya konea. Tuelewane jinsi ya kuandika misimbo ya keratitisi

#1 KaraniWaArua (mwanzisha uzi)

Habari za jioni wandugu. Uzi huu ni mrefu, nitaumwaga kwa vipande. Mwenye swali asisubiri mwisho.

Mimi ni mtunza kumbukumbu katika hospitali moja ya misheni huku West Nile. Faili likitoka kwa daktari linapita mezani kwangu, nasoma alichoandika, naupa kila ugonjwa msimbo wake wa ICD-10, yaani kitabu cha Shirika la Afya Duniani cha misimbo ya magonjwa, kisha unaingia kwenye mfumo. Wiki mbili zilizopita ofisa kliniki wetu wa macho alisimama dirishani akaniuliza: "Mzee, mwaka jana tulipata vidonda vingapi vya konea vya fangasi?" Alikuwa anaandika maombi ya dawa, na aliyempa fomu anataka idadi.

Nikatafuta kwenye mfumo. Hakuna hata kimoja.

Nilibaki nimeduwaa, maana wagonjwa wenyewe nawakumbuka kwa sura. Kuna mzee wa Maracha aliyechomwa jichoni na bua la mtama wakati wa kuvuna. Kuna mama aliyekuja na jicho jeupe kama maziwa, kitambaa kimelowa usaha, ameongozwa na mjukuu. Nikafungua faili zao moja moja. Wote wameandikwa H16.9, yaani "keratitisi, aina haikutajwa". Na mwandiko ulioweka msimbo huo kwenye nyingi kati ya hizo ni wangu.

Kwa hiyo naandika uzi huu kwa uchungu kidogo. Naamini wengi wenu mnafanya nilichokuwa nafanya, na wagonjwa wanaendelea kupotea ndani ya namba moja.

Tuanze na familia yenyewe. Konea ni kile kioo cha mbele cha jicho. Kikivimba, iwe kwa wadudu, jeraha, ukavu au kinga ya mwili kujishambulia, ndiyo keratitisi, na katika kitabu cha Shirika la Afya Duniani nyumba yake ni H16. Ndani ya nyumba kuna vyumba:

H16.0 ni kidonda cha konea. Kiwe katikati, pembeni, kimezunguka kama pete, kimetoboka, au kina usaha uliotuama ndani ya jicho mbele ya mboni, vyote humo.
H16.1 ni keratitisi ya juujuu isiyo na uvimbe wa konjaktiva, ule utando unaofunika weupe wa jicho. Hapa ndipo wanapoingia mafundi wa kuchomelea vyuma wanaoamka usiku wa manane wakilia kwamba macho yamejaa mchanga.
H16.2 ni konea na konjaktiva kwa pamoja.
H16.3 ni ile ya ndani, katikati ya unene wa konea.
H16.4 ni mishipa ya damu kuota kwenye konea, mahali ambapo kwa kawaida haipo.
H16.8 ni nyinginezo zinazojulikana.
H16.9 ni pale ambapo hujui lolote zaidi ya kwamba konea imevimba.

Someni tena huo mstari wa mwisho. Hujui lolote zaidi. Yule mzee wa Maracha tulijua kwamba ni kidonda, kipo katikati, jicho ni la kushoto, na kilianza kwa bua la mtama. Tulijua mengi, na nikaandika kwamba hatujui.

#2 Mwanafunzi_Mbale

Shikamoo Mzee Karani. Nipo mwaka wa pili wa masomo ya kumbukumbu za afya. Swali langu: mgonjwa akija na jicho jekundu, na daktari ameandika "jicho jekundu" basi, unaweka nini?

#3 KaraniWaArua

Marahaba mwanangu. "Jicho jekundu" ni dalili, bado si ugonjwa. Usikimbilie H10 ya konjaktiva wala H16. Rudisha faili kwa aliyeandika, umuulize kwa heshima: konea iko wazi au ina doa? Mgonjwa analalamika mwanga unamchoma? Uwezo wa kuona umeshuka? Anayajua majibu tayari kwa sababu alimtazama mgonjwa, ila tu kalamu ilikuwa na haraka.

Sisi si waganga. Haturuhusiwi kugundua ugonjwa kutoka kwenye kiti chetu. Kuuliza tunaruhusiwa.

#4 JichoSafi_Soroti

Mzee Karani asante sana kwa uzi huu. Mimi ni ofisa kliniki wa macho, nimesomea Jinja kama wengi wetu, na sasa niko Teso. Ngoja niseme upande wetu, kwa sababu kosa linaanzia chumbani kwetu kabla halijafika mezani kwako.

Siku ya kliniki ya macho foleni inafika nje kwenye mwembe. Naweka tone la fluoresini, ile rangi ya kupimia jicho, nawasha mwanga wa buluu, kidonda kinawaka kijani. Ninakiona! Naona kingo zake zilivyo na manyoya manyoya, naona vidonda vidogo vilivyokizunguka kama vifaranga na mama yao, na moyoni nasema hii ni fangasi. Kisha kwenye rejista naandika neno moja: keratitisi. Mgonjwa wa pili ameshakaa kwenye kiti.

Sasa nimejiwekea utaratibu. Kabla sijainua kalamu naandika vitu vinne: jicho gani, kidonda kipo au hakipo, nini kilisababisha au nini nakishuku, na kilianzaje. Mfano: "Jicho la kushoto, kidonda cha konea cha katikati, nashuku fangasi, alichomwa na jani la mahindi shambani siku tisa zilizopita." Haifiki hata nusu dakika.

Na hili la fangasi si jambo la kubahatisha kwetu Uganda. Wenzetu wa Mbarara waliwafuatilia wagonjwa 313 wenye keratitisi ya vimelea kati ya Desemba 2016 na Machi 2018, na fangasi ndiyo iliyoongoza, 62%. Wengi walikuwa wakulima. Karibu 60% walikuwa wameshaweka dawa za kienyeji jichoni kabla ya kufika. Kwa hiyo hospitali ikileta ripoti ya mwaka isiyo na kidonda hata kimoja cha fangasi, mimi nasema ripoti hiyo haijasema ukweli, hata kama kila aliyeijaza ni mtu mwaminifu.

#5 DaktariKijana

Kwa heshima zote, wazee wangu. Mgonjwa anahitaji dawa, msimbo hauponyi jicho. Kituo cha afya ngazi ya tatu chenye muuguzi mmoja na mkunga mmoja kitapata wapi muda wa kutafuta H16 nukta ngapi? Mimi naona hizi ni kazi za watu wa ofisini.

#6 KaraniWaArua

Daktari, sikukatai. Muuguzi wa ngazi ya tatu simdai nukta yoyote. Namdai aandike jicho gani na amtume mgonjwa leo, si kesho, basi. Na hata fomu yetu ya mwezi, ile ya 105 inayoingia kwenye DHIS2, mfumo wa takwimu za afya, ina orodha yake fupi ya magonjwa, haibebi kitabu kizima cha ICD.

Ila hospitali yenye kliniki ya macho ni jambo jingine. Fikiria dawa ya natamaisini. Shirika la Afya Duniani liliiingiza kwenye orodha ya dawa muhimu mwaka 2017, kwa ajili ya vidonda hivi hivi vya fangasi. Ofisa wetu akiomba chupa, mtu wa stoo anauliza: kwa wagonjwa wangapi? Tukimjibu kwa misimbo yetu, jibu ni sifuri. Nani ananunua dawa ya wagonjwa sifuri? Mzee wa Maracha alipewa tone la kuua bakteria kwa sababu ndilo lililokuwepo, na mwanawe akaenda mjini kuitafuta hiyo nyingine kwenye maduka ya dawa. Alirudi siku ya nne bila kitu.

Msimbo hauponyi jicho, kweli kabisa. Ila ndio unaoagiza dawa inayoponya.

#7 DaktariKijana

Hapo umenigusa Mzee. Sikuwahi kuliunganisha hivyo. Endelea.

#8 KaraniWaArua

Sasa kipande kinachowasumbua wengi: msalaba na nyota.

Katika kitabu cha Shirika la Afya Duniani magonjwa mengine yana misimbo miwili. Wenye msalaba † ni ugonjwa chanzo, wenye nyota * ni mahali ulipojitokeza. Nyota haisimami peke yake hata siku moja, na haitangulii.

Keratitisi ya virusi vya hepesi: B00.5† halafu H19.1*.
Mkanda wa jeshi uliopanda jichoni ukafika kwenye konea: B02.3† halafu H19.2*.
Ya virusi vya adeno, ile inayoenea nyumba nzima: B30.0† halafu H19.2*.
Ya kaswende ya kurithi: A50.3† halafu H19.2*.
Ya kifua kikuu: A18.5† halafu H19.2*.
Ya surua: B05.8† halafu H19.2*.

Mnaona kwamba zote hizo zimehama H16? Hilo ndilo linalotukosesha. Mtu anaona neno keratitisi, mkono unakwenda wenyewe kwenye H16. Chanzo kikijulikana kuwa mojawapo ya hizo, toka H16, nenda kwenye chanzo kwanza.

Kidonda cha bakteria wa kawaida kinabaki H16.0, kisha unaongeza msimbo wa mdudu kama maabara imemtaja: B95.3 kwa nimokokasi, B95.6 kwa stafilokokasi aurea, B96.5 kwa sudomonasi. Kwa fangasi, orodha ya B95 hadi B98 haitusaidii maana fangasi hawamo. Sisi hapa tumekubaliana na ofisa wetu kuandika H16.0 na B49 pembeni yake, yaani fangasi isiyotajwa jina. Maabara ikiitaja kuwa aspajilasi, tunahamia B44.

#9 Mwanafunzi_Mbale

Mzee, na kama ameandika "nashuku fangasi" tu, maabara haijapima? Nashuku si najua.

#10 KaraniWaArua

Swali zuri sana, na majibu yako mawili, kutegemea unafuata kitabu cha nani. Kwa kanuni za Shirika la Afya Duniani, mgonjwa akitoka na ugonjwa wake mkuu bado umeandikwa "unashukiwa", na hakuna taarifa zaidi, unaupa msimbo kana kwamba umethibitika. Kwa kanuni za Marekani, mgonjwa wa nje mwenye "nashuku" hupewi ruhusa hiyo, unaandika kile kilichothibitika tu. Nimewaona vijana waliosoma kwenye intaneti kutoka video za Kimarekani wakifuta B49 kwa sababu hiyo. Hapa petu msiifute.

Na vipimo si lazima viwe vya mbali. Dada wa Soroti atasema vizuri kuliko mimi.

#11 JichoSafi_Soroti

Ni kweli Mzee. Unatia ganzi, unakwangua ukingo wa kidonda taratibu, unapaka kwenye kioo, unaweka tone la KOH (haidroksidi ya potasiamu), unatazama kwa hadubini ile ile inayotazama malaria. Ukiona nyuzi zenye matawi, ni fangasi. Inahitaji mkono uliotulia na mtu wa maabara anayejua anachotafuta, lakini mashine ipo hata wilayani.

Halafu jambo moja naliandika kwa herufi nene ingawa si la misimbo: msiweke matone ya steroidi kwenye jicho jekundu ambalo hamjalipima kwa fluoresini. Uwekundu unapungua, mgonjwa anashukuru, anarudi nyumbani, na fangasi au hepesi inakula konea bila kelele. Nimeona macho yaliyotoboka kwa njia hiyo, na kila mara kuna chupa ndogo mfukoni aliyouziwa mahali.

#12 Madai_Kampala

Nimeupenda uzi huu. Mimi nashughulikia madai ya bima za binafsi hapa Kampala, na nadhani naweza kuwaambia kwa nini H16.9 imejaa kila mahali.

Baadhi ya mifumo ya madai inatumia toleo la Kimarekani la ICD-10, lile walilolianza rasmi tarehe 1 Oktoba 2015. Toleo hilo linataka jicho litajwe ndani ya msimbo wenyewe. H16.0 peke yake haikubaliki, ni fupi mno. Kidonda cha fangasi ni H16.06 na tarakimu ya upande: H16.061 kulia, H16.062 kushoto, H16.063 yote mawili, H16.069 upande haukutajwa. Kidonda chenye usaha mbele ya mboni ni H16.03 na upande. Kilichotoboka ni H16.07 na upande. Macho ya mafundi wa Katwe walioangalia moto wa kuchomelea ni H16.13 na upande. Hata ule msalaba na nyota kule haupo, hepesi ya konea ni B00.52 moja kwa moja.

Sasa angalieni: H16.9 haina upande. Iko vilevile katika matoleo yote mawili, haihitaji tarakimu ya ziada, mfumo hauikatai kamwe. Karani aliyerudishiwa madai mara tatu kwa sababu ya H16.0 anajifunza haraka kwamba H16.9 inapita. Hajawa mvivu. Amefundishwa hivyo na mashine.

#13 KaraniWaArua

Ndugu Madai, umeniambia historia ya maisha yangu. Ndivyo ilivyoanza kabisa! Kampuni moja ilikuwa inaturudishia H16.0, mkubwa wangu wa wakati ule akasema weka H16.9, pesa ikaingia. Baada ya hapo tukaiweka hata kwa wagonjwa wanaolipa taslimu, ambao hakuna mfumo wowote uliokuwa unawasubiri.

Nimeshaamua: rejista yetu itafuata kitabu cha Shirika la Afya Duniani, na fomu ya madai itafuata inachotaka bima. Ni safu mbili, kazi inaongezeka kidogo, lakini ya bima haitaharibu tena ya hospitali.

#14 NesiWaYumbe

Habari za kazi wote. Niko kwenye makazi ya wakimbizi upande wa Yumbe. Naomba niongeze watoto, maana hadi sasa tumezungumzia wakulima.

Tulipata mtoto wa miaka miwili, ametoka kwenye surua, amedhoofu, macho yamekauka hayana mng'ao, na konea moja imelainika kama nta iliyopata joto. Kwenye faili iliandikwa H16.0, kidonda cha konea. Mtoto alipelekwa kliniki ya macho. Ni sawa, lakini aliyepokea faili aliona kidonda tu, akaweka matone na bandeji. Ile vitamini A ilicheleweshwa hadi daktari wa watoto alipopita.

Upungufu wa vitamini A una nyumba yake, E50. Konea iliyokauka ni E50.2, iliyokauka na kupata kidonda ni E50.3, iliyoyeyuka ni E50.4, na makovu yanayobaki ni E50.6. Mtoto yule alikuwa E50.4. Angepewa msimbo huo, kila aliyesoma faili angeona neno vitamini A kabla ya neno jicho, na dozi yake ya siku ya kwanza na ya pili isingengoja mtu kupita.

Jicho la pili lilipona. La kwanza, hapana.

#15 KaraniWaArua

Pole sana dada. Huyu mtoto atanikaa kichwani. Nimenakili post yako, naibandika ukutani ofisini kesho asubuhi.

#16 Binti_Kasese

Samahanini, mimi si mtu wa afya. Nimeufikia uzi huu kwa sababu baba yangu ana karatasi ya rufaa imeandikwa "S05.0 → H16.0 OD" na nilikuwa natafuta maana yake. Ni mkulima wa kahawa, tawi lilimrudia jichoni. Je, hizo namba ni mbaya?

#17 JichoSafi_Soroti

Karibu sana mdogo wangu, na pole kwa mzee. Namba zenyewe si mbaya, na aliyeandika karatasi hiyo amefanya kazi yake vizuri. S05.0 ni mchubuko wa konea, yaani tawi lilikwaruza kioo cha jicho. H16.0 ni kidonda, maana yake mchubuko umeingiliwa na wadudu. Mshale unasema lilianza hili, likaja lile. OD ni jicho la kulia.

Sasa sikiliza kwa makini. Kidonda cha konea hakingoji siku ya soko. Kama rufaa ni ya hospitali yenye daktari wa macho, nendeni leo au kesho alfajiri. Asiweke chochote jichoni isipokuwa alichoandikiwa: si maji ya majani, si maziwa, si asali, si chupa ya jirani. Asifunge jicho kwa kitambaa. Bebeni hiyo karatasi na chupa zote alizotumia, hata zile ambazo anaona aibu kuzionyesha. Daktari hatamgombeza.

#18 Binti_Kasese

Asante sana dada. Kuna majirani walimletea dawa ya majani, alitumia mara mbili. Nitamwambia aseme. Tunatafuta gari la alfajiri kwenda Mbarara.

#19 KaraniWaArua

Mwenyezi Mungu awatangulie binti yangu. Tupe habari.

Na wenzangu wa kumbukumbu, angalieni karatasi hiyo ilivyosaidia. Inaonyesha safari ya jicho, na kila kituo cha safari kina msimbo wake:

Siku tawi linapogonga: S05.0. Kama kipande cha mti bado kimenasa kwenye konea, T15.0.
Kidonda kikiingia: H16.0, pamoja na mdudu wake.
Wadudu wakipenya hadi ndani ya jicho lote: H44.0.
Kikipona na kuacha chamba, yaani doa jeupe la kovu: si H16 tena, ni H17. Kovu lililoshikamana na ailisi, lile duara la rangi la jicho, ni H17.0, chamba kingine cha katikati ni H17.1.
Na kama jicho hilo halioni tena huku la pili likiona vizuri: H54.4.

Nimekuta mgonjwa mmoja ameandikwa keratitisi kila ziara kwa miaka mitatu, wakati kidonda kilipona mwaka wa kwanza na alichokuwa anafuatilia ni chamba. Kwenye hesabu alikuwa mgonjwa mpya kila mara.

Usisahau namna jeraha lilivyotokea. Kuchomwa na mwiba, jani au ncha ya mmea ni W60, na tarakimu ya nne ya mahali kwa shamba ni 7, kwa hiyo W60.7. Kwa mkoa wa wakulima, hizi herufi nne zina maneno mengi. Moto wa kuchomelea ni W89. Na huku kwetu kuna swila wanaotema sumu machoni: T63.0 na X20. Hawa nao nilikuwa nawatupa H16.9, Mungu anisamehe.

#20 Mwanafunzi_Mbale

Mzee, hili la mkanda wa jeshi. Tulifundishwa kwamba kijana akipata mkanda wa jeshi jichoni apimwe VVU. Akikutwa navyo, tunaongeza B20, msimbo wa ugonjwa wa VVU?

#21 KaraniWaArua

Kipimo ni muhimu, ulifundishwa sawa. Na ndiyo, daktari akiandika kwamba ugonjwa umetokana na VVU, kuna B20.3 kwa maambukizi mengine ya virusi. Lakini aandike yeye. Usiunganishe mwenyewe kwa kuwa umeona kadi ya kliniki imeangukia ndani ya faili.

Pia fikiria karatasi hiyo inakwenda wapi. Rejista ya hospitali inafungwa kwa ufunguo. Fomu ya madai inapita mikono mingi, na mingine ni ya ofisini kwa mwajiri wa mgonjwa. Kabla sijaandika B20 kwenye karatasi itakayotoka nje ya geti, namrudia daktari na tunahakikisha mgonjwa amekubali. Sijawahi kujuta kwa kuchelewesha karatasi kwa sababu hiyo.

#22 Madai_Kampala

Naunga mkono kwa nguvu zote. Bima inahitaji kujua jicho limetibiwa kwa nini. Isiyoyahitaji, isipewe.

#23 DaktariKijana

Mzee Karani, nina swali la mwisho. ICD-11 ilianza kutumika Januari 2022, je, haitafuta mjadala wote huu?

#24 KaraniWaArua

Itaurahisisha sehemu. Kule keratitisi ya vimelea ina msimbo wake, 9A71, na kidonda cha konea ni 9A76. Upande wa jicho unaunganishwa kwa alama ya &: XK9K kulia, XK8G kushoto, XK9J yote mawili. Mdudu naye ana orodha yake inayoanza na XN. Kwa hiyo karani wa Arua na yule wa Marekani wanaweza kuandika upande bila kuwa na vitabu viwili. Naipenda. Lakini bado inamtegemea dada wa Soroti na kalamu yake. Asipoandika kushoto, hakuna kitabu kitakachomwandikia.

#25 Binti_Kasese

Nimerudi wapendwa. Tulifika Mbarara saa nne asubuhi. Walikwangua wakapima, wakasema ni fangasi. Amelazwa, anawekewa matone kila saa, hata usiku. Daktari amesema bado mapema kusema litaishia wapi, ila tumewahi. Baba alitaja majani mwenyewe. Kwenye faili wameandika H16.0 na B49, nilipoziona niliwakumbuka nyote.

#26 JichoSafi_Soroti

Nimefurahi mpaka nimelia. Usilale zamu ya matone, mdogo wangu. Saa ni saa.

#27 KaraniWaArua

Awa'difo, kama tusemavyo kwa Kilugbara, binti yangu, asante kwa kurudi.

Naleta ya kwangu. Jumamosi mbili nimekaa na ofisa wetu wa macho tukipitia faili za karatasi za mwaka jana, moja baada ya nyingine. Hatufuti kitu. Tunapiga mstari mmoja juu ya H16.9, tunaandika msimbo sahihi pembeni, tarehe na sahihi zetu wote wawili. Pale ambapo kweli hakuna maelezo, H16.9 inabaki, maana hiyo ndiyo kazi yake. Lakini faili nyingi zilikuwa na maelezo. Kuna karatasi za maabara zilizobanwa nyuma, zimeandikwa "nyuzi za fangasi zimeonekana", ambazo sikuwa nimezigeuza.

Moja ilinishinda. Jicho la kushoto, kidonda, bua la mtama, ziara ya Februari, halafu ukimya. Ni yule mzee wa Maracha. Sikujua niandike amefikia wapi, H16 au H17. Jana nikapiga simu kwa mwanawe. Akaniambia jicho lilitolewa mwezi wa sita, hospitali nyingine, na mzee ameanza tena kwenda shambani, anatembea na fimbo upande ule.

Kwenye ukurasa wa leo nimeandika Z90.0, kiungo kimeondolewa. Kisha nikarudi Februari, nikapiga mstari, nikaandika H16.0, B49, W60.7, jicho la kushoto. Ofisa akatia sahihi. Ameichukua nakala, ameiweka ya kwanza kwenye maombi yake ya natamaisini.